Kinjikitile Ngwale: Maisha ya Mganga wa Ngarambe na Mgogoro wa Wakati

1.0 Utangulizi

Katika historia ya Tanzania ni watu wachache ambao maisha yao yameonekana kwa muda mfupi na kujadiliwa kwa muda mrefu kama Kinjikitile Ngwale, mganga wa Ngarambe katika bonde la Rufiji. Kipindi ambacho historia inamwona waziwazi kinazidi mwaka mmoja kidogo tu, yaani tangu alipopagawa mwaka 1904 hadi aliponyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti 1905. Hata hivyo, jina lake limeendelea kutajwa katika ripoti za watawala, katika masimulizi ya wazee, katika vitabu vya historia na juu ya majukwaa ya michezo ya kuigiza.

Hukumu zilizotolewa juu yake zinapingana. Kwa baadhi ya watu alikuwa laghai aliyewapa wakulima maji matupu na kuwaacha wakabili risasi. Kwa wengine alikuwa mwasisi wa umoja uliovuka mipaka ya makabila nusu karne kabla ya uhuru. Hukumu zote mbili zinaanzia katika maji, na kuuliza kama maji hayo yalikuwa dawa au uongo. Makala haya yanadai kwamba swali hilo, japo ni la haki, halitoshi. Kiini cha uwezo wa Kinjikitile kilikuwa wakati: aliahidi kurudi kwa waliokufa, aliwaamuru walio hai wangoje, na alijiwekea haki ya kuitaja siku ya vita. Anguko lake lilianza pale siku hiyo ilipochaguliwa na wengine. Anayetaka kumhukumu hana budi kwanza kutazama saa ilikuwa mkononi mwa nani.

Ili kuepusha mkanganyiko, jina Kinjikitile linatumika hapa kwa mtu wa historia, na jina Kinjeketile kwa mhusika wa tamthilia ya Ebrahim Hussein. Tofauti ya irabu mbili ni ndogo katika maandishi, lakini katika mjadala wenyewe ni kubwa.

2.0 Rufiji na Umatumbi Kabla ya Mwaka 1904

Ngarambe iko kusini mwa mto Rufiji, magharibi ya vilima vya Umatumbi. Wakazi wa sehemu hiyo walikuwa wakulima ambao hawakuwa na mfalme mmoja. Mamlaka yalikuwa mikononi mwa wakuu wa koo, na mambo makubwa kama mvua, rutuba na magonjwa yalipelekwa kwenye mizimu. Juu ya mizimu ya koo kulikuwa na nguvu zilizoheshimiwa na watu wa makabila mbalimbali. Mojawapo ni Bokero, ambaye makao yake yalihusishwa na maji ya Rufiji na ambaye watu walimwendea kutoka mbali kutafuta dawa za mashamba. Hongo alikuwa pepo aliyetumwa na Bokero. Kwa hiyo imani katika maji yenye nguvu ilikuwapo kabla ya Kinjikitile. Alichofanya yeye ni kuitoa katika shughuli ya kuulinda mmea na kuitia katika shughuli ya kumlinda mtu.

Utawala wa Wajerumani uliingia katika mazingira hayo kwa njia ya maakida na majumbe. Kodi ya nyumba ilianza kutozwa mwishoni mwa karne ya 19. Mwaka 1902, chini ya Gavana Gustav Adolf von Götzen, ulianzishwa mpango wa mashamba ya pamoja ya pamba katika wilaya za pwani ya kusini. Kila eneo la jumbe lilitakiwa liwe na shamba, na watu wazima walilazimishwa kulilima kwa siku zilizopangwa. Malipo yalikuwa madogo kiasi kwamba baadhi ya wakulima waliyakataa.

Uzito wa mpango huo haukuwa katika viboko na ujira peke yake. Pamba ilidai kulimwa, kupaliliwa na kuchumwa katika siku zilezile ambazo mtama na mpunga vilihitaji mikono ya mkulima. Siku zilizotumiwa katika shamba la jumbe ziliondolewa katika shamba la nyumbani, na nguruwe na ndege walikula mazao yaliyokosa mlinzi. Tangu zamani mkulima wa Umatumbi alikuwa ameihesabu miaka kwa mvua, kwa kilimo na kwa kumbukumbu za wafu wake. Sasa alilazimishwa kuihesabu kwa kalenda ya akida. Malalamiko yalikuwapo kila mahali. Kilichokosekana ni mtu wa kusema kwamba kalenda hiyo ina mwisho.

3.0 Kuzama na Kuibuka

Habari za kupagawa kwa Kinjikitile zimehifadhiwa katika masimulizi ya wazee wa Umatumbi na Rufiji yaliyokusanywa mwishoni mwa miaka ya 1960 na watafiti wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, wakiwamo Gilbert Gwassa na John Iliffe. Yanavyosema masimulizi hayo, asubuhi moja pepo alimpanda Kinjikitile mbele ya watu wa nyumbani kwake. Alilala kifudifudi, mikono ameinyoosha mbele, akajikokota ardhini hadi kwenye kilindi cha maji, akazama asionekane. Jamaa zake walibaki ukingoni. Waliojua kupiga mbizi walimtafuta wasimwone, wakalala palepale wakingoja. Siku ya pili yake, saa ileile aliyozama, aliibuka mzima, na nguo zake zilikuwa kavu. Tangu hapo alianza kusema mambo ya unabii.

Mwanafunzi wa fasihi simulizi atatambua mara moja muundo wa kisa hiki. Shujaa au mganga huondoka katika ulimwengu wa kawaida, hukaa mahali ambapo binadamu hawawezi kuishi, kisha hurudi akiwa na elimu ambayo wengine hawana. Lakini kuna vipengele viwili vinavyostahili kuangaliwa kwa makini zaidi. Cha kwanza ni nguo kavu. Maji yaliyomfunika hayakumlowesha, na kwa hiyo mwili wake ulikuwa ushahidi wa kwanza wa dawa ambayo angeitoa baadaye. Mtu ambaye maji yenyewe hayakumgusa angeweza kuaminiwa akisema kwamba kwa maji hayo risasi nayo haitamgusa mtu. Cha pili ni saa ya kurudi. Masimulizi yanasisitiza kwamba alirudi wakati uleule aliozama. Kwa watu waliolala ukingoni siku nzima ilikuwa imepita. Kwa yeye aliyekuwa chini, ni kana kwamba wakati ulisimama ukamngoja.

Katika hatua hiyo ya kwanza, basi, masimulizi yanamweka Kinjikitile nje ya mwendo wa kawaida wa siku. Hakurudi kama mkuu wa ukoo aliyerithi kiti wala kama mpiganaji aliyeshinda vita. Alirudi kama mtu aliyewaona waliotangulia na ambaye, kwa sababu hiyo, angeweza kusema juu ya watakaokuja.

4.0 Ahadi, Mnong'ono na Kungoja

Mafundisho yaliyoenea kutoka Ngarambe yalikuwa na sehemu tatu, na kila moja iligusa wakati kwa namna yake. Sehemu ya kwanza ilihusu waliopita. Kinjikitile alifundisha kwamba wazee waliokufa hawakupotea, kwamba wako kwa Bokero na watarudi. Huko Ngarambe ilijengwa nyumba iliyoitwa Kijumba-Nungu, yaani nyumba ya Mungu, na mahujaji walikwenda huko kupata habari za wafu wao. Kwa mkulima aliyeona kwamba utawala mpya umekata uzi uliomuunga na wazee wake, ahadi hiyo ilikuwa na maana kubwa kuliko ushindi wowote wa silaha.

Sehemu ya pili ilihusu maisha ya wakati huo. Maji ya Ngarambe yalichanganywa na mafuta ya mbarika na punje za mtama, vitu ambavyo kila mkulima alivijua. Yalinywewa, yalipakwa, na yalibebwa katika vibuyu au mabua. Aliyeyapokea alifungwa na miiko, na miiko hiyo ilimfunga pamoja na watu wa makabila mengine ambao hapo awali hakuwa na jambo la pamoja nao. Mazoezi ya kivita yaliyojulikana kwa jina la likinda yalifanyika pia, japo machoni mwa akida yalionekana kama ngoma za watu waliokwenda kuagua. Ujumbe ulienezwa kwa mnong'ono wa siri ambao Wamatumbi waliuita njwiywila. Mtu alimweleza mwenzake aliyemwamini, na huyo akamweleza mwingine, kwamba mwaka umefika wa vita kwa kuwa huko Ngarambe yupo mtu aliyepagawa.

Sehemu ya tatu ilihusu yatakayokuja, na hapo ndipo penye fumbo. Masimulizi yanasema Kinjikitile aliwaambia watu kwamba wao wote ni wa Sayyid Said, sultani wa Zanzibar aliyefariki mwaka 1856. Mtu anaweza kuliona fundisho hilo kuwa la ajabu. Kwa nini mkombozi awatoe watu kwa mtawala mmoja na kuwakabidhi kwa mwingine, tena aliyekwisha kufa? Jibu moja ni kwamba jina la Sayyid lilitumika kama alama ya mamlaka iliyokuwapo kabla ya Wajerumani, mamlaka ambayo huko bara haikuwa nzito sana. Jibu jingine ni kwamba katika fundisho lililowarudisha wafu, sultani aliyekufa hakuwa mgeni. Vyovyote itakavyokuwa, picha ya uhuru aliyoitoa Kinjikitile iliazimwa kutoka zamani. Hakuwa na picha nyingine ya mamlaka iliyozidi ukoo.

Juu ya sehemu zote tatu kulikuwa na amri moja: watu wangoje. Walitakiwa waendelee kulima pamba, walipe walichodaiwa na wasionyeshe uso wa uasi hadi siku itakapotajwa kutoka Ngarambe. Kwa mtazamo wa kivita amri hii ilikuwa ya busara. Mnong'ono ulihitaji muda kufika mbali, na maji yalihitaji wachukuzi. Makabila yaliyozoea kutiliana shaka nayo hayakuweza kuunganishwa kwa wiki moja. Lakini kungoja kulikuwa na gharama yake. Kadiri ahadi ilivyokuwa kubwa, ndivyo kila siku ya kulima pamba ilivyozidi kuwa chungu. Mtu aliyekwisha kunywa maji na kuamini kwamba risasi haitamdhuru hakuona sababu ya kuendelea kuinama mbele ya mnyapara. Imani aliyoipanda Kinjikitile ndiyo iliyoifanya amri yake ya kungoja isivumilike.

5.0 Kutoka Nandete hadi Mohoro

Mwishoni mwa Julai 1905 watu wa Nandete katika Umatumbi walichoka kungoja. Masimulizi yanawataja Ngulumbalyo Mandai na Lindimyo Machela kuwa ndio walioingia katika shamba na kung'oa miche 3 ya pamba. Kitendo chenyewe kilikuwa kidogo. Maana yake ilieleweka na kila upande: kung'oa pamba kulikuwa kutangaza vita. Muda si muda watu walimshambulia akida wa Kibata, akakimbia, na mji mdogo wa biashara wa Samanga, pwani, ukachomwa moto.

Tarehe hiyo haikutajwa na Ngarambe. Kwa mujibu wa kumbukumbu za Umatumbi zilizochambuliwa na Gwassa, watu walianzisha vita ili kumlazimisha nabii na kumaliza kungoja. Hapa ndipo ulipo mgogoro mkubwa wa maisha ya Kinjikitile. Alikuwa amewapa watu nguvu, nao wakaitumia nguvu hiyo kumnyang'anya saa. Uamuzi wa siku, ambao ndio uliomtofautisha na waganga wengine wenye dawa, ulipita kutoka mkononi mwa mwenye maono kwenda mikononi mwa walimaji pamba.

Yeye mwenyewe hakuwa na nafasi ya kuufuata wala kuukataa uamuzi huo. Wajerumani walimkamata, na tarehe 4 Agosti 1905 alinyongwa Mohoro pamoja na msaidizi wake. Vita vilikuwa vimedumu siku chache tu. Taarifa ya wakati huo inaeleza kwamba mmoja wa walionyongwa alisema kufa kwake hakubadili kitu, kwa sababu dawa ilikuwa imekwisha kufika Kilosa na Mahenge. Kauli hiyo, iwe ilitoka kwa Kinjikitile au kwa mwenzake, ilikuwa sahihi. Aliyewaamuru watu wangoje hakungojwa, lakini kazi iliyofanywa wakati wa kungoja ilikuwa imekwisha kumpita.

6.0 Maji Bila Mwenyewe

Baada ya kifo cha Kinjikitile maji yalizidi kuenea. Wachukuzi wake, walioitwa mahongo, waliyapeleka Uzaramo, Ungindo, Umwera, bonde la Kilombero, Mahenge, na hatimaye Ungoni na Ubena. Kila yalikofika yalipewa maana ya huko. Katika jamii zilizokuwa na watemi, kama Wangoni, kupokea maji lilikuwa jambo la kisiasa lililoamuliwa na wakuu kwa kuzingatia maadui na marafiki wa jirani. Baadhi ya watawala waliyakataa na kuungana na Wajerumani.

Tarehe 30 Agosti 1905 maelfu ya Wapogoro na Wambunga waliishambulia boma ya Mahenge wakiyaamini maji. Bunduki za rashasha, au bombomu kama zilivyoitwa siku zile, ziliwaangusha kwa mamia. Huko Ungoni, baada ya kushindwa mwezi Oktoba, wapiganaji waliiacha dawa na kugeukia vita vya kuvizia. Ni muhimu kulitaja jambo hili, kwa kuwa mara nyingi huzungumzwa kana kwamba watu waliendelea kwenda kwenye risasi wakiwa wamepumbazwa hadi mwisho. Vita viliendelea hadi mwaka 1907 kwa sababu nyingine zaidi ya dawa.

Wajerumani nao walibadili silaha. Walichoma vijiji, wakateketeza maghala na mashamba, wakaifanya njaa kuwa jeshi lao. Huko Songea, tarehe 27 Februari 1906, viongozi wengi wa Wangoni walinyongwa kwa siku moja. Makadirio ya serikali ya Kijerumani yalitaja vifo vya Waafrika wapatao 75,000. Gwassa alikadiria kati ya 250,000 na 300,000, sehemu kubwa ikiwa ni waliokufa kwa njaa na maradhi. Upande wa serikali walikufa Wazungu 15, askari 73 na wasaidizi wa vita 316. Tofauti ya hesabu hizo inaonyesha vilikuwa vita vya namna gani.

7.0 Hukumu za Wanahistoria

Mtu wa kwanza kuandika hukumu ndefu alikuwa mshindi. Götzen alichapisha kitabu chake juu ya vita hivyo mwaka 1909, na ndani yake waganga na ushirikina vilipewa nafasi kubwa. Maelezo hayo yalimfaa gavana. Kama chanzo cha vita ni mganga, basi pamba, kodi na kiboko havikuwa na hatia. Hata hivyo mpango wa mashamba ya pamoja ya pamba uliachwa, na kwa tendo hilo serikali ilikubali kimyakimya kile ambacho maandishi yake hayakutaka kukiri.

Hukumu ya pili ililetwa na harakati za uhuru. Mwaka 1956, mbele ya kamati ya Umoja wa Mataifa, Julius Nyerere aliieleza Maji Maji kuwa ni vita vya watu waliokataa kutawaliwa na wageni, na si matokeo ya vitisho au ushirikina. Utafiti wa Iliffe (1967) na wa Gwassa (1972) uliipa hoja hiyo msingi wa kitaaluma. Kinjikitile akawa mtu aliyewapa watu itikadi ya kuvuka mipaka ya ukoo na kabila. Katika maandishi ya kipindi hicho, Ngarambe ilionekana kama chemchemi ambayo taifa lilianza kutiririka kutoka kwake.

Hukumu ya tatu ilitolewa tangu miaka ya 1990. Marcia Wright (1995) alihoji nafasi kubwa iliyopewa nabii mmoja, na kukumbusha kwamba Bokero alikuwa na historia yake kabla ya Kinjikitile. Kumbukumbu za Wajerumani zilimtaja mganga aliyenyongwa Mohoro kwa jina la Bokero, na kutenganisha cheo, pepo na mtu si kazi rahisi. Thaddeus Sunseri (1997) alielekeza macho kwenye njaa, nguruwe waharibifu na mabadiliko ya kazi za wanawake na wanaume mashambani. Jamie Monson (1998) na Felicitas Becker (2004) walionyesha kwamba kusini na bara vita vilikuwa na sababu zake vyenyewe, zikiwamo uhasama wa zamani na ushindani wa wakubwa wa biashara. Kwa mtazamo huu Kinjikitile si chemchemi ya vita vyote. Ni kisima kimoja miongoni mwa visima kadhaa.

Uhakiki huu una nguvu, nao unagusa hata hoja ya makala haya. Habari za amri ya kungoja zimetoka hasa kwa wazee wa Umatumbi, watu waliohojiwa zaidi ya miaka 60 baada ya kushindwa. Inawezekana kwamba kumbukumbu ya walioshindwa iliipa nafasi kubwa amri iliyovunjwa, kwa kuwa amri iliyovunjwa hueleza kushindwa bila kumfanya nabii kuwa mwongo. Lakini hata wakati huo ushahidi wa mnong'ono uliodumu kwa takribani mwaka mzima bila vita unabaki. Watu walikwenda Ngarambe, wakapewa maji, wakarudi wakalima pamba. Kuna mtu aliyewazuia, au angalau kuna neno lililowazuia.

8.0 Kinjeketile wa Jukwaani

Kabla ya tamthilia ya Hussein, fasihi ya Kiswahili ilikuwa imekwisha kuvigusa vita hivi katika Utenzi wa Vita vya Maji-Maji wa Abdul Karim bin Jamaliddini, uliotolewa na Whiteley mwaka 1957, ambao unavitazama vita kutoka pwani ya Lindi. Lakini aliyemfanya mganga wa Ngarambe kuwa mtu mwenye nafsi inayoonekana ni Ebrahim Hussein katika Kinjeketile, tamthilia iliyochapishwa mwaka 1969 na kutolewa kwa Kiingereza na mwandishi mwenyewe mwaka 1970. Hussein alitahadharisha katika utangulizi wake kwamba mhusika huyo ni zao la ubunifu na asichukuliwe kuwa nakala ya mtu wa historia. Tahadhari hiyo haikusaidia sana. Wasomaji wengi waliopita sekondari wanamjua Kinjeketile, na kwa kupitia kwake wanadhani wanamjua Kinjikitile.

Hussein alichukua kisa cha kuzama, fundisho la Sayyid Said na amri ya kungoja, akaviunga pamoja kwa namna ambayo masimulizi hayakuviunga. Kinjeketile wake anaibuka majini na neno la pepo, na neno hilo linawaunganisha Wamatumbi, Warufiji na Wazaramo. Kisha analitafakari na kugundua kwamba linamtaka awafanye watu kuwa wa Sayyid Said. Anaanza kuona shaka: je, neno hili ni lake, au amewekewa kinywani na wengine? Kwa hiyo anaahirisha siku ya vita. Kitunda na wapiganaji wengine wanamshurutisha, na neno linamtoka mikononi. Katika historia, kungoja kulikuwa mpango. Katika tamthilia, kungoja ni dhamiri inayomsuta mtu.

Mwisho wa tamthilia unatoa uamuzi ambao wahakiki wamebishana juu yake kwa zaidi ya nusu karne. Akiwa mfungwa, Kinjeketile anatakiwa kutangaza kwamba maji yalikuwa uongo. Anakataa, ijapokuwa yeye mwenyewe hayaamini tena. Hofu yake ni kwamba akikana, watoto na wajukuu wataambiwa kwamba wazee wao walikosea kupigana. Baadhi ya wahakiki wanauona uamuzi huo kuwa wa kishujaa, wengine kuwa wa udanganyifu unaoheshimiwa kwa sababu una faida. Lililo wazi ni kwamba mhusika anazungumza na wakati ujao. Kinjikitile wa masimulizi aliwarudisha wafu kwa walio hai. Kinjeketile wa Hussein anawalinda walio hai kwa ajili ya ambao hawajazaliwa.

9.0 Hitimisho

Maisha ya Kinjikitile Ngwale hayawezi kupimwa kwa maji peke yake. Maji hayakuzuia risasi. Hilo lilijulikana Mahenge mwezi Agosti 1905, na kila aliyefiwa alilijua bila kufundishwa na msomi. Wala amri ya kungoja haimwondolei Kinjikitile lawama yote. Aliahidi kinga ambayo hakuwa nayo, na watu waliomwamini walikufa. Mtu anayeahidi hivyo hawezi kujitetea kwa kusema kwamba siku haikuwa imefika.

Lakini lawama hiyo haina budi kugawanywa kwa haki. Waliowanyang'anya wakulima siku zao za kulima walianza kabla yake. Waliochoma maghala walikuja baada yake, na njaa waliyoileta iliua wengi zaidi kuliko risasi. Tarehe 1 Novemba 2023, huko Songea, Rais Frank-Walter Steinmeier wa Ujerumani aliomba msamaha kwa yale yaliyotendwa na Wajerumani katika vita hivyo. Yalipita miaka 118 tangu Mohoro. Maneno hayo yalisemwa Ungoni, mbali na Ngarambe, mahali ambapo makaburi na majina ya walionyongwa yanaonekana.

Kazi inayobaki kwa watafiti wa Kiswahili ni kuyarudia masimulizi ya Rufiji na Umatumbi kwa macho ya fasihi simulizi na si ya historia pekee: kuchunguza miundo yake, misamiati yake ya wakati, na namna yalivyobadilika baada ya tamthilia ya Hussein kuingia shuleni. Wazee waliohojiwa miaka ya 1960 wamekwisha kutoweka, na wajukuu wao wamemsoma Kinjeketile darasani kabla ya kumsikia Kinjikitile nyumbani. Ni kazi isiyoweza kungoja siku itajwe.